Mtakatifu Lwanduko wa Lizaboni

Naitwa Kajetani kwa sababu nilizaliwa tarehe saba Agosti, na kwenye kalenda ya misheni siku hiyo ni ya Mtakatifu Kajetani. Basi. Hakuna babu yangu aliyekuwa na jina hilo, wala mjomba. Mama angechelewa siku tatu ningeitwa Laurenti. Kwetu Songea, hasa sisi Wakatoliki wa tangu zamani, jina la mtoto halichaguliwi, linasomwa ukutani. Mtoto anatoka, bibi anauliza leo ni siku ya nani, mwenye macho mazuri anaisogelea kalenda, anasoma, na mtoto anakwenda na jina hilo mpaka kaburini. Ndiyo maana mtaani kwetu Lizaboni unaweza kumkuta Hironimus anashona viatu na Ludovika anakaanga vitumbua, na hakuna anayecheka.

Nalisema hili mapema ili mjue ukubwa wa upumbavu wangu. Mtu wa mahali pengine angefanya kosa nililofanya mimi, lingepita tu. Mimi nilikwenda kuifanyia mchezo kalenda katika mji ambao kalenda ndiyo inayowapa watu majina.

Nilikuwa karani. Miaka kumi na minane nilipiga taipu katika ofisi ya ushirika, nikachapa barua za mahindi, barua za mbolea, barua za kuuliza kwa nini barua ya kwanza haijajibiwa. Halafu ikaja habari ya soko huria. Watu binafsi wakaruhusiwa kununua mazao, ruzuku ya mbolea ikaondolewa, na ofisi yetu ikagundua kwamba ilikuwa na makarani wengi kuliko magunia. Jumatatu moja ya mwaka 1992 nikapewa orodha ya majina kumi na moja ya watu wa kupunguzwa kazini, nichape barua kumi na moja. Kwa uhodari wangu nilifika jina la tisa ndipo nikaona ni langu. Nikaichapa barua mpaka mwisho bila kosa hata moja, nikatoa na nakala ya faili.

Mke wangu Lidwina hakulia. Wiki ileile alikopa kwa dada yake, akanunua belo la mitumba, akatandika turubai sokoni. Yeye soko huria lilimkuta amesimama. Mimi lilinikuta kwenye kiti chenye mto. Nilijaribu kumsaidia siku mbili, nikawa nawaambia wateja ukweli kuhusu vifungo vilivyopungua, akanirudisha nyumbani kwa heshima.

Huko nyumbani nikaanzisha nchi.

Msicheke. Ilianza kama hadithi ya kumwandikia binti yetu Dorine, aliyekuwa shule ya bweni Njombe. Nchi yenyewe niliiita Tandamai. Ilikuwa na mfalme, ilikuwa na milima kama ya Matogoro ila mirefu zaidi, na mto uliopanda mlima badala ya kushuka. Hayo yote niliyamaliza kwa wiki mbili. Mtu mwenye akili angeendelea na vita na mapenzi. Mimi nilikwama kwenye swali moja: watu wa Tandamai wanajuaje leo ni lini? Nikaacha hadithi, nikaanza kuwatengenezea kalenda. Dorine aliandika kuuliza kama mfalme alioa. Nikamjibu kwa kurasa nne juu ya hesabu ya miezi.

Karatasi nilizipata kwenye kalenda ya misheni ya mwaka 1991, ile kubwa ya kutundika, iliyokuwa imekwisha kazi. Mgongoni mwa kila ukurasa palikuwa peupe. Nikapiga mistari kwa rula. Mwaka wa Tandamai ulikuwa na miezi kumi na mitatu, kila mmoja siku ishirini na nane, na ile siku moja inayobaki ilikuwa ya mfalme kukata kucha. Mwezi wa kumi na tatu niliuchora nyuma ya jalada. Mwaka ulianza tarehe mosi Julai, kama mwaka wa fedha wa serikali. Hata ndotoni nilikuwa karani. Mwezi wa kwanza uliitwa Mwezi wa Koti, kwa sababu ya baridi yetu. Kulikuwa na Mwezi wa Moshi, Mwezi wa Jembe, Mwezi wa Mahindi Mabichi, na mmoja mrefu kwa maumivu ulioitwa Mwezi wa Kungoja Mbolea. Jumatatu niliifuta. Badala yake niliweka Mapumziko ya Pili.

Tena, kama misheni walivyo na mtakatifu wa kila siku, na Tandamai kila siku ilikuwa na mtu wake. Jina, na chini yake mstari mmoja wa alichofanya. Watu mia tatu sitini na nne! Ilinichukua miaka miwili. Wenzangu tuliopunguzwa pamoja walikuwa wamefungua mashine za kusaga na maduka ya dawa, na mimi nimekaa sebuleni na koti naumiza kichwa nani apewe tarehe tisa ya Mwezi wa Moshi.

Ilipokamilika niliitundika pale ilipokuwa ikitundikwa ya kweli. Lidwina aliiangalia akiwa bado na kikapu kichwani.

"Yaani umewageuza watakatifu wote waangalie udongo wa ukuta," akasema.

"Ni sanaa, Mama Dorine."

"Haya. Leo tarehe ngapi?"

"Ya tano, Mwezi wa Kungoja Mbolea."

"Nakuuliza tarehe ya watu."

Sikuijua. Huo ndio ukweli. Redio ilikuwa imekwisha betri, kazini siendi, na misani nilikuwa nakwenda nyuma ya Lidwina kama mkia. Tarehe za watu zilinitoka kichwani moja moja, na sikuona hasara.

Sasa Suzana. Alikuwa jirani yetu, nyumba zetu zinatazamana. Mumewe Saimon alikuwa akimnunulia tajiri mmoja tumbaku kule Namtumbo, nyumbani anaonekana mara mbili kwa mwezi. Suzana aliishi na mama mkwe wake, Mama Ludovika, siyo yule wa vitumbua, mkunga wa zamani ambaye mikono yake ilikuwa bado mizima ila macho yalikuwa yamekwisha. Suzana alikuwa ameshazaa mara mbili. Wa kwanza aliishi saa moja. Wa pili alizaliwa jioni, hakuiona asubuhi. Wote wawili walikwenda kabla ya kubatizwa, wakazikwa kama wanavyozikwa watoto wa namna hiyo: wanawake watatu, kanga moja, nyuma ya nyumba karibu na migomba. Hakuna padri, hakuna matanga, hakuna jina. Ukiuliza mtaani Suzana ana watoto wangapi, unaambiwa hana.

Mwaka 1994 alikuwa mjamzito tena. Mwezi Juni alikuja kwangu, akakataa kiti, akabaki mlangoni ameshika tumbo.

"Baba Dorine, wewe si ulisoma seminari?"

Hilo nalo lina historia yake. Nilisoma seminari ndogo miaka miwili, nikarudishwa kwa kosa la kusinzia misani, siyo mara moja. Lakini mtaani mambo hukua yenyewe, na wengi waliniona kama nusu padri. Sikuwahi kuwasahihisha.

"Nilisoma kidogo," nikasema, kwa sauti ya mtu aliyesoma sana.

"Najua mtu yeyote anaweza kubatiza mtoto akiwa hatarini. Lakini mama mikono yake itakuwa na kazi, na Saimon hatakuwepo. Uwe karibu. Huyu hata akiishi dakika moja tu, dakika hiyo nataka awe na jina. Jina la mtakatifu, kama watoto wa wenzangu. Nisizike tena kitu kisicho na jina. Siwezi tena, Baba Dorine."

Alilia pale mlangoni, na mimi nikasema mwachie Kajetani. Nilisema hivyohivyo, mwachie Kajetani, kama vile Kajetani ni mtu mwingine, mwenye akili.

Ilitokea asubuhi, saa nne hivi. Upepo wa Matogoro ulikuwa unakata masikio. Lidwina yuko sokoni. Mimi nimevaa koti, nimeshika penseli nyekundu, napaka rangi pembeni mwa Mwezi wa Koti, na nimetoka kusoma jina la siku kwa sauti, maana nilikuwa na desturi hiyo ya kijinga kila asubuhi. Nikasikia Mama Ludovika anapiga kelele, "Baba Dorine! Baba Dorine wee!"

Nilikimbia na kandambili moja. Suzana alikuwa mkekani. Mtoto alikuwa ametoka wiki nyingi kabla ya siku zake, mdogo, wa rangi ya majivu, halii. Mama Ludovika alikuwa anamsugua mgongo kwa kitambaa na kumpulizia. Jirani yetu Zena alikuwa ameshakimbilia barabarani kutafuta gari la kuwapeleka hospitali.

"Jina!" Suzana alisema. Hakusema mtoto anapumua au hapumui. "Kwanza jina, Baba Dorine. Maji yale pale."

Nikachukua kikombe cha bati. Kwa haraka maji yakamwagika nusu.

"Leo ni siku ya nani?" akauliza Mama Ludovika bila kuinua kichwa.

Jamani. Nilitafuta Yohane, nikamkosa. Nilitafuta Petro, Paulo, Yosefu, hata lile la marehemu baba yangu, nikakosa. Mtu anaposhikwa na hofu hashiki anachokitaka, anashika kilicho karibu. Kichwani mwangu palikuwa na ukuta mmoja tu, na ukutani palikuwa na mtu mmoja tu.

"Lwanduko," nikasema, "nakubatiza kwa jina la Baba, na la Mwana, na la Roho Mtakatifu."

Nikamwaga maji mara tatu. Yalikuwa maji ya baridi ya Julai, yamelala mtungini. Yule mtoto akakunja uso, akafungua mdomo, akapiga ukelele ambao nadhani ulifika mjini. Mama Ludovika akasema Yesu wangu. Suzana akaangusha kichwa mkekani, akawa analia na kurudia, "Lwanduko. Lwanduko wangu." Zena akaingia, gari limepatikana, wakafungasha mtoto kwenye sweta na blanketi.

Mlangoni Mama Ludovika alisimama kidogo. "Lwanduko," akasema, analionja. "Huyo si ni wa wale mashahidi wa Uganda? Kama Lwanga."

Sikusema ndiyo. Sikusema hapana. Nilikohoa.

Jioni Lidwina alirudi akiwa ameshasikia habari yote sokoni, na habari ilikuwa kwamba mumewe amemrudisha mtoto kutoka kwa wafu. Aliingia anatabasamu. Halafu akauliza, "Hivi Lwanduko ni nani?" Nikatazama ukutani. Na yeye akatazama ukutani. Aliweka kikapu chini polepole, akaenda, akafunua karatasi, akaangalia upande wa misheni.

"Leo tarehe kumi na moja Julai," akasema.

"Ee."

"Siku ya Mtakatifu Benedikto."

Nilikaa chini. Benedikto! Katika mwaka mzima ndiyo siku rahisi kuliko zote kwa mtu wa Songea. Wamisionari waliotuletea dini ni Wabenedikto. Kila ukoo una Benedikto watatu. Hata mbuzi wa misheni yao ya Peramiho wanajua kumi na moja Julai ni siku ya nani. Na mimi, nusu padri, nimempa mtoto jina la mtu niliyemtunga nikiwa na njaa.

"Kamwambie," akasema Lidwina.

"Nitamwambia kesho."

Kesho hiyo ilichukua wiki nane. Kwanza mtoto alikuwa hospitali, nani anamwendea mama mwenye mtoto katikati ya blanketi na habari kama hiyo? Halafu akarudi nyumbani, ananyonya, na mtaa mzima unanishika mkono. Nilipita kilabuni nikanunuliwa pombe ya komoni. Nikanywa! Dhamiri inaniuma, na nakunywa. Mama Ludovika akamweka Lwanduko kwenye sala zake. Kila jioni, wakimaliza rozari, nilimsikia ng'ambo ya uchochoro: "Mtakatifu Lwanduko," na Suzana anaitikia, "utuombee." Mzee Bakili wa nyumba ya tatu, ambaye hata Mkristo si, alipotewa na mbuzi, akaambiwa na Mama Ludovika kwamba ataombewa kwa Lwanduko. Mbuzi akaonekana kesho yake. Nilitamani ardhi inimeze pamoja na mbuzi.

Mwezi Septemba mtoto akawa na nguvu za kutosha, wakampeleka kanisani akamilishiwe ibada na kuandikwa katika kitabu cha ubatizo. Mimi nilitakiwa niwepo, kwa kuwa ndiye niliyebatiza. Lidwina alinipigia pasi shati, akanifunga vifungo mwenyewe. "Leo utasema," akaniambia, "au nitasema mimi, na mimi nitasema vibaya zaidi."

Padri Otto alikuwa mtu wa Maposeni, mkulima wa mahindi kama baba yake, mtu asiyependa maneno mengi. Alifungua kitabu, akashika kalamu.

"Jina?"

"Lwanduko," akasema Suzana, na fahari.

"Lwanduko yupi?"

"Shahidi wa Uganda, padri."

Padri akaweka kalamu chini. "Mashahidi wa Uganda ni ishirini na wawili, mwanangu. Nawajua wote. Huyo hayumo."

Suzana akanigeukia. Mama Ludovika akageuka pia, akawa anautafuta uso wangu kwa yale macho yake. Sijawahi kutazamwa vile.

"Baba Dorine?"

"Ni wa Tandamai," nikasema.

"Hiyo iko jimbo gani?" akauliza Padri Otto.

Nikaeleza. Lo, nilivyoeleza! Nilianzia kwenye barua ya kupunguzwa kazini, nikapitia mto unaopanda mlima, nikaeleza miezi kumi na mitatu na kucha za mfalme. Kadiri nilivyoeleza ndivyo nilivyozidi kuonekana kichaa, na bado sikuweza kunyamaza. Nilipofika mwisho padri alikuwa ameinamisha kichwa, mabega yanamtikisika. Hakuwa analia.

Suzana hakucheka. Alikuwa amemkumbatia mtoto kwa mikono miwili, midomo imekauka. "Kwa hiyo hakubatizwa," akasema. "Angekufa siku ile, angekwenda kama wenzake."

Padri akaacha kucheka papo hapo. "Hapana. Nisikilize. Maji yalimwagwa?"

"Yalimwagwa."

"Maneno ya Baba, Mwana na Roho Mtakatifu yalisemwa?"

"Yalisemwa."

"Basi amebatizwa tangu dakika ile, sawasawa na wewe na mimi. Jina ni letu sisi tunaomwita. Nitaandika Benedikto kwa ajili ya siku yake, na Lwanduko lifuate kwa sababu ndilo alilosikia." Akaandika. Kisha akaniangalia juu ya miwani. "Na wewe, Kajetani, nunua kalenda."

Nje ya kanisa Mama Ludovika alipata sauti yake. "Miezi miwili!" alisema, watu wanapita wanasikia. "Miezi miwili nampigia magoti mtu aliyetungwa na Baba Dorine! Na rozari juu!" Ningependa angenipiga na fimbo. Suzana alipita bila kunitazama, na hilo ndilo lililoniumiza. Mtu mmoja aliniomba kitu kimoja maishani, jina la kweli, na mimi nilimpa mchezo.

Siku nne hakunisalimu. Siku ya tano niliishusha kalenda ukutani, nikaiweka mezani. Nilimwambia Lidwina nataka kuichoma.

"Kiberiti hicho hapo," akasema, akachukua kikapu chake akaenda sokoni. Hakunibembeleza hata kidogo. Nikabaki nimeshika kiberiti. Miaka miwili ya kazi, watu mia tatu sitini na nne. Nilikuwa nawajua kuliko nilivyowajua wajomba zangu. Nikawasha njiti, ikazimika. Nikawasha ya pili, ikaniunguza kidole, maana hata kuchoma nako sijui.

"Hodi."

Alikuwa Suzana, mtoto mgongoni.

"Karibu," nikasema, nikaficha kiberiti. "Suzana, mimi..."

"Ndiyo hii?"

"Ndiyo hii. Nilikuwa naichoma."

"Nionyeshe siku yake."

Nikamwonyesha. Mwezi wa Koti, siku ya kumi na moja. Suzana amesoma mpaka darasa la saba, akaisogeza karibu akasoma mwenyewe kwa sauti, kidole kikifuata. "Lwanduko. Alisinzia barazani kwa mfalme, watu wakadhani amekufa, wakaanza kuchimba. Akaamka akaomba uji."

Nilitamani kufa. Mtu huyo nilimtunga kwa kujicheka mwenyewe na usingizi wangu wa seminari, sasa anasomwa na mama wa mtoto. Suzana aliweka mkono mdomoni. Nikadhani analia, kumbe anacheka. Alicheka mpaka mtoto mgongoni akaamka.

"Ni yeye!" akasema. "Baba Dorine, ni yeye kabisa! Tena uji atauomba, huyu ananyonya kama ndama." Akajifuta macho kwa ncha ya kanga. Kisha akazifunua karatasi moja moja.

"Nchi hii kila siku ina mtu wake?"

"Kila siku."

"Hakuna siku isiyo na mtu."

"Hakuna."

"Basi nitafutie na wale."

"Wale akina nani?" nikauliza, mjinga mimi.

"Wangu wawili."

Nikamwambia, "Suzana, hiki ni kitu cha kutunga. Umemsikia padri."

"Nimemsikia. Najua ni ya kutunga. Ile ya kweli hawamo, Baba Dorine. Nitafutie."

Nikavuta kiti, safari hii akakaa. Yule wa pili alikuwa msichana, alizaliwa tarehe sita Januari mwaka tisini na tatu. Nikahesabu kwa penseli kutoka mosi Julai, nikapata Mwezi wa Jembe, siku ya ishirini na mbili. Nilisoma upesi moyoni kabla ya kusoma kwa sauti, nikashukuru Mungu. "Nambelela. Alilima bonde zima akiimba, wenzake wakafuata sauti."

"Nambelela," akasema Suzana. Alilirudia mara mbili tatu, taratibu, kama anamwita mtu aliye uani. "Na kaka yake?"

Huyo alizaliwa Jumamosi, kesho yake ikawa Jumapili ya Matawi, mwaka tisini na moja. Nikageuza karatasi upande wa misheni, nikapata tarehe ishirini na tatu Machi. Nikahesabu tena. Mwezi wa Mahindi Mabichi, siku ya kumi na nne. Nikaupata ukurasa, nikashusha kidole mpaka kwenye kisanduku chenyewe, na kidole kikabaki pale.

"Mbona husomi?"

Suzana akainama akasoma mwenyewe.

"Kama ya juu," akasoma. Akaangalia cha juu. "Kama ya juu. Na hiki pia, kama ya juu." Akainua uso. "Anaitwa Kama ya Juu?"

Ni desturi ya makarani. Orodha ikiwa ndefu na mkono umechoka, unaandika kama ya juu, unashuka nayo. Wiki ile nilichoka. Au hata sikuchoka, nilikuwa na uvivu, nilitaka kumaliza ukurasa nikale. Nikawapitisha watu wa siku saba kwa maneno matatu, nani atakayetazama? Na mtoto huyu, aliyekosa jina kwa padri, aliyekosa jina nyuma ya nyumba, amekuja mpaka kwenye nchi ya uongo ya karani asiye na kazi, na hata huko akakuta hajaandikwa. Hapo ndipo nilipolia, na sisingizii vumbi. Nililia mbele ya mke wa mtu kama mtoto.

Suzana hakulia. Alikuwa anangoja.

Nikachukua kalamu ya wino, siyo penseli. Nikaweka rula, nikakata yale maneno kwa mstari mmoja ulionyooka. Nilitaka kumtungia jina zuri pale pale, na kwa mara ya kwanza katika miaka miwili sikuwa na jina lolote. Nikamwuliza, "Wewe ulitaka kumwita nani?"

"Eusebi," akasema. Lilitoka haraka, lilikuwa mdomoni tayari. "Hakuna aliyewahi kuniuliza."

Nikaandika Eusebi. Chini yake palikuwa na nafasi ya ule mstari mmoja. "Kila mtu hapa ana alichofanya," nikasema. "Niandike Eusebi alifanya nini?"

Suzana akampapasa Lwanduko mguu uliotokeza kwenye mbeleko.

"Alikuja," akasema. "Andika alikuja."

Nikaandika hivyo, kwa mwandiko wangu mzuri wa ofisini, na yeye akakaa pale mpaka wino ukakauka.